Muuza Samaki wa Kikorongo Aliyedai Mtihani Wake

Saa moja asubuhi imepita kidogo, na basi la kutoka Bwera kwenda Kampala linapiga honi kabla halijafika njia panda ya Kikorongo. Hakuna anayeihitaji honi hiyo. Wanawake wenye mabeseni ya ngege, samaki wa ziwani, wa kukaanga wamelisikia tangu lingali mbali, na wameshajipanga, kila mmoja mahali ambapo dirisha lake litasimama.

Skovia Apio hakimbii. Amesimama ng'ambo ya barabara, upande wa magari yanayokwenda Bwera, beseni kichwani, akilitazama basi ambalo kwa miaka sita lilikuwa lake.

"Ile dirisha ya nyuma ya dereva ndiyo ilikuwa yangu," anasema, akionyesha kwa mdomo kwa sababu mikono imeshika beseni. "Sasa ni ya Zerida. Muone anavyouza. Hata chumvi anasahau kuweka, na watu wananunua tu."

Zerida, masikio yake yakiwa mazuri kuliko chumvi yake, anamsikia toka huko.

"Apio, acha wivu! Kama unataka basi, olewa na dereva!"

"Huyo dereva? Halafu na wewe uniuzie samaki kwa dirisha ya nyumba yangu?"

Wanawake wanacheka. Apio naye anacheka. Basi likiondoka, vumbi linatua, anashusha beseni na kuangalia ndani. Samaki wote wapo.

Upande huu wa barabara una tabu yake. Msafiri wa Kampala ana njaa ya siku nzima mbele yake. Anayekwenda Bwera amekaribia kwake. Anajua mkewe ameweka sufuria jikoni, au anamwomba Mungu awe ameiweka. Hanunui. Zamani Apio alimaliza beseni kabla ya adhuhuri na kurudi nyumbani na faida ya shilingi elfu ishirini. Siku hizi akipata elfu sita anashukuru. Samaki wanaobaki wanakuwa chakula cha jioni, kila jioni, "mpaka mtoto wangu ameniuliza kama tumehamia ziwani."

Hakuna aliyemfukuza upande ule. Aliaga mwenyewe, na hapo ndipo shida yake ilipoanzia.

Wauza samaki wa Kikorongo wana utaratibu wao. Kila mmoja ana basi lake na dirisha lake. Anayetaka kuacha kazi huwakaangia wenzake samaki wa kuaga. Wakishakula, husimama mbele yao, na Mama Anastasie, Mkongo wa kutoka upande wa Beni ambaye ndiye mkubwa wao, humuuliza mara tatu: unaacha? Akijibu mara tatu kwamba anaacha, nafasi yake inapewa mwingine na hairudi. Akirudi, anaanzia mkiani, huku upande wa Bwera.

"Zamani mutu alikuwa anaenda kuolewa, anapewa talaka, anarudia na makelele," anaeleza Mama Anastasie. "'Basi yangu, basi yangu.' Banawake banapigana, samaki banamwangika chini. Ndiyo tukasema: tutauliza mara tatu. Ukisema ndiyo tatu, imeisha."

Apio alisema ndiyo zote tatu mwishoni mwa Aprili 2013. Alikuwa mwanafunzi wa mwaka wa mwisho wa shahada ya ualimu katika tawi la Kasese la chuo kikuu kimoja cha binafsi, katika masomo ya wikendi. Mitihani ya mwisho ilikuwa imetangazwa: wiki ya pili ya Mei. Tarehe ilibandikwa ukutani ikiwa na muhuri. Akaona muhuri, akakaanga samaki.

"Zerida mwenyewe aliniambia, dada, ngoja kwanza umalize ndiyo uage," anakumbuka. "Nikamwambia, wewe unataka kuninyima baraka. Kumbe alikuwa anataka kuninyima upumbavu."

Apio ana miaka thelathini na moja. Baba yake alitoka Tororo kuja kuchimba shaba Kilembe; mgodi ulipofungwa hakurudi kwao, na watoto wake wakakulia kwenye nyumba za wachimbaji, wakizungumza Kiswahili cha migodini na watoto wa makabila yote. Apio alimaliza kidato cha sita, fedha zikaishia hapo. Akaenda Kahendero kununua samaki kwa wavuvi wa Ziwa George na kuwauza barabarani. Miaka mitatu baadaye alijiandikisha chuoni. Samaki wa Ijumaa walilipa somo la Jumamosi.

Kilichomfanya aage kwa haraka ni shule. Alikuwa amefanya mazoezi ya kufundisha katika sekondari moja ya Muhokya, na mwalimu mkuu, Kellen, alimwahidi nafasi ya Jiografia mara atakapofanya mitihani yake.

"Watoto walimpenda," anasema Kellen. "Aliwafundisha bonde la ufa kwa kutumia mgongo wa samaki. Nilimuahidi nikijua anamaliza Mei. Nimemshikia nafasi mpaka leo. Lakini ahadi haiwezi kuingia darasani ikafundisha. Shule ikifunguliwa Februari, nikiwa sina karatasi ya kuonyesha kwamba amefanya mitihani, bodi itanipa mtu mwingine."

Kisha, Mei mosi, mto Nyamwamba ukafurika.

Walioona Kilembe siku zile hawahitaji kusimuliwa, na wengi wasiopenda kusimulia wana sababu. Maji yalibeba mawe makubwa kama magari, yakaingia majumbani, yakaondoa madaraja. Nyumba ya baba yake Apio ilipoteza ukuta mmoja. Chuo kikatangaza kwamba mitihani imeahirishwa, na hakuna mwanafunzi aliyelalamika.

"Ungelalamika vipi?" anauliza Apio. "Watu walikuwa wanazika."

Mto ukarudi mahali pake. Madaraja ya muda yakawekwa. Masoko yakafunguliwa, shule zikafunguliwa, hata baa zikafunguliwa, hizo zikiwa za kwanza. Mitihani ikabaki imeahirishwa. Ikasemwa Agosti. Apio akarudi barabarani, akianzia mkiani.

Agosti wanafunzi waliitwa kwenye ukumbi wa tawi. Walikuja zaidi ya mia moja, wengine kutoka Bwera na wengine kutoka ng'ambo ya mpaka. Katibu wa tawi, Bwana Kakuru, mtu mpole ambaye Jumapili husoma masomo kanisani, aliwaeleza kwamba mafuriko yalivuruga mipango na kwamba wahadhiri nao wana madai yao. Mitihani itafanyika Oktoba. Hakuna aliyepewa nafasi ya kuuliza swali. Muda ulikuwa umekwisha. Bwana Kakuru akawaomba wasimame, wafunge kwa sala.

Akashukuru kwa uhai. Akawaombea waliopoteza ndugu. Mwisho akasema: "Na tunakushukuru, Baba, kwa kuwa watoto wako wamekubali kusubiri kwa moyo mmoja."

Ukumbi mzima ukaitikia: "Amina!"

Katika nchi hii sala haiachwi ikaning'inia hewani. Hata waliokuja wamenuna waliitikia.

"Mimi nilisema ya nguvu kupita bote," anasema Gracien, kijana wa Butembo anayeishi kwa shangazi yake Bwera na kutengeneza simu sokoni, mwanafunzi mwenzake Apio. "Njala ilikuwa inaniuma, nilitaka mukutano iishe. Na tena, mutu anamaliza kuomba, wewe unabakia kimya? Batasema uko na shetani."

Oktoba ikafika, mitihani haikufika. Wahadhiri waligoma. Tangazo jipya halikuwa na tarehe kabisa, lilisema tu "baadaye". Muhamood, aliyekuwa mwenyekiti wa darasa, alichoka. Aliwaambia wenzake kwamba huko Juba kuna kazi, kwamba atarudi siku mitihani itakapotangazwa, na wasisahau kumpigia simu. Akaondoka.

Mwezi Novemba Gracien alisikia kwamba kuna mwanasheria, Birungi, anayekaa kila Jumanne kwenye ukumbi wa parokia ya Bwera kuwasaidia watu bila malipo. Kesi za mashamba, za watoto, za ng'ombe walioingia kwenye mihogo. Akamshawishi Apio. Walikwenda wanafunzi saba, wakajipanga foleni nyuma ya mzee aliyekuwa na kesi ya mbuzi.

"Mbuzi alichukua saa nzima," anasema Apio. "Nikasema, hapa digrii yetu itangoja tena."

Zamu yao ilipofika, Gracien alianza na swali lililokuwa mioyoni mwa wote: wafanye mgomo? Wafunge geti?

"Mkivunja dirisha moja," Birungi alimjibu, "kesi itakuwa ya dirisha. Na mitihani itakuwa imepata sababu mpya ya kuchelewa."

Halafu akawaeleza taratibu, na Apio anasema ndiyo siku ya kwanza aliyohisi kwamba hasira yake ina jina. Chuo kikikupokea, kikachukua ada na kukupa namba ya usajili, hapo kuna makubaliano kati yenu. Kalenda ya masomo ni sehemu ya makubaliano hayo, haikubandikwa kupamba ukuta.

"Kwa hiyo hawawezi kuahirisha?" Apio aliuliza.

"Wanaweza. Mafuriko si utani. Lakini sababu ya kweli nayo ina mwisho wake. Maji ya mwezi wa tano hayawezi kuzuia mtihani wa mwezi wa kumi na moja. Chuo kikiahirisha, kinatakiwa kiseme sababu ambayo ipo, kitoe tarehe nyingine ndani ya muda unaoeleweka, na kiwasikilize mnaoumia. Na kisiwatoze tena kwa uchelewaji ambao si wenu."

"Na ada ya usajili ya muhula mpya wanayotudai?"

"Hiyo ndiyo ninayosema."

Aliwaambia pia kwamba katiba ya nchi inampa kila mtu aliye mbele ya wenye mamlaka haki ya kutendewa kwa uadilifu, na kwamba zipo ngazi za kupanda: kwanza chuo chenyewe, kisha baraza la taifa linalosimamia elimu ya juu, na mwisho mahakama. Akawaonya wasikae sana, kwa sababu mahakama nazo zina muda wa kupokea malalamiko, na anayelala muda huo humpita.

Mmoja wao alitaka kujua kama mahakama inaweza kuwapa shahada moja kwa moja, kwa kuwa wameteseka vya kutosha.

"Hapana," Birungi alisema. "Huna haki ya kufaulu. Una haki ya kupimwa."

Desemba, baada ya malalamiko yao kupelekwa, chuo kilikubali kukaa nao kwenye meza ya usuluhishi, katika ofisi ya tawi mjini Kasese. Apio alichaguliwa kusema. Usiku uliotangulia alitayarisha hotuba ya Kiingereza, akaisema mbele ya mtoto wake mpaka mtoto akasinzia.

"Kufika mlangoni, Kiingereza chote kilikataa kuingia na mimi," anasema.

Birungi alieleza madai. Bwana Kakuru alisikiliza, akainamisha kichwa, akasema kitu ambacho hakuna aliyekitarajia. Kwamba chuo kinasikitika, lakini wanafunzi hawa walikubali wenyewe kusubiri. Walikutana Agosti, wakaambiwa hali ilivyo, wakakubali kwa moyo mmoja. Waliitikia Amina, wote, naye alikuwapo.

Gracien anasema alijisikia kama mtu aliyekamatwa na kuku wa jirani mikononi. Amina aliisema kweli, tena ya nguvu.

Apio akasimama. Alisema kwa Kiswahili.

"Bwana Katibu, mimi najua kuacha kitu. Kule Kikorongo niliacha basi yangu. Niliulizwa mara tatu, watu wakisikia, na kila mara ningeweza kusema hapana. Nikasema ndiyo. Kwa hiyo leo nauza upande mbaya na simlaumu mtu, hata Zerida. Lakini hapa wewe uliuliza nani? Sisi hukutuuliza. Uliuliza Mungu. Sasa kama Mungu ndiye alikubali, basi Mungu aje afanye huo mtihani."

Hapo watu wangecheka, kama machozi yasingekuwa yamemtoka. Akakaa. Birungi hakuongeza mengi. Alisema tu kwamba kuitikia sala si kutia saini, na kwamba kukubali kunataka mtu awe ameulizwa.

Bwana Kakuru aliinua kichwa. Kisha akasema, kwa sauti ndogo: "Na mimi sijalipwa tangu Pasaka."

Alipozungumza na gazeti hili hakujitetea. "Nilisali kwa nia njema. Niliamini wamekubali, kwa sababu nilitaka kuamini. Watu zaidi ya mia wakiitikia kwa sauti ile, unakwenda nyumbani unalala. Yule dada aliponiuliza nilimuuliza nani, nilijaribu kukumbuka swali nililouliza. Sikulikumbuka, kwa kuwa halikuwapo." Makao makuu ya chuo hayakutaka kusema lolote.

Siku ile walikubaliana kwamba mitihani ifanyike wiki ya mwisho ya Januari, bila ada mpya, na kila atakayemaliza apewe barua siku hiyohiyo kuonyesha amefanya karatasi zote. Tarehe ikipita tena, Birungi angekwenda mahakamani, na faili lake lilikuwa tayari. Safari hii kila mwanafunzi aliulizwa kwa jina kama anakubali, na kila mmoja akajibu kwa mdomo wake. Kikao hakikufungwa kwa sala. Gracien anadai waliogopa.

Mitihani imefanyika. Wiki nzima Apio aliuza samaki asubuhi, akapanda gari kwenda Kasese, akaingia chumba cha mtihani akinuka mafuta ya kukaangia. "Waliokaa karibu na mimi walifanya mtihani na njaa," anasema.

Dawati moja la mbele, lenye namba ya Muhamood, lilikaa tupu kwa karatasi zote. Vita vilianza Juba katikati ya Desemba, na tangu hapo simu yake haipatikani. Apio aliipiga siku tarehe ilipotangazwa, kama walivyoahidiana, na aliipiga kila asubuhi kabla ya kuingia ndani. Msimamizi alipotaka kuliondoa dawati lile ili nafasi iwe kubwa, wanafunzi walimwomba aliache.

"Yeye alituongoza tangu mwaka wa kwanza," Apio anasema. "Mitihani ingekuja Mei, angekuwa hapa. Ingekuja Agosti, angekuwa hapa. Hilo hakuna barua ya kulirudisha."

Ijumaa jioni, baada ya karatasi ya mwisho, anashuka Kikorongo akiwa na barua yake ndani ya mfuko wa plastiki, mfuko ndani ya mkoba, mkoba kifuani. Wenzake wanamwona. Zerida anapiga kigelegele kinachowashtua nyani waliokaa kando ya barabara. Mwingine anauliza kama sasa wamwite Mwalimu au waendelee kumwita Apio, na Zerida anasema wangoje kwanza matokeo, wasije wakamwita Mwalimu halafu jina lirudishwe.

"Wewe nitakufundisha kuweka chumvi," Apio anamjibu. "Darasa la kwanza kabisa."

Jumatatu shule inafunguliwa. Atakwenda Muhokya na barua yake kwa mwalimu mkuu Kellen, na bodi itaiangalia. Mpango wake ni huo, na nyuma yake upo mwingine: akipata mshahara atamsaidia baba yake kujenga ule ukuta, kisha Jumamosi atakuwa anakaa na Birungi pale parokiani kuwaandikia barua wanafunzi wa vyuo vingine walioambiwa "baadaye". Wameshaanza kuja. Wawili walimfuata hapa barabarani, wakanunua na samaki.

Mama Anastasie ameinuka kutoka kwenye kigoda chake. Anajifunga kitenge vizuri, anakuja mpaka mbele ya Apio. Wanawake wanajua kinachokuja.

"Apio. Unaacha?"

"Naacha, Mama."

"Unaacha?"

"Naacha."

"Unaacha?"

Apio anageuka. Anatazama barabara ya Muhokya, kisha anaushika mkoba.

"Mama, hiyo ya tatu uniulize Jumatatu jioni, nikitoka kwa mwalimu mkuu."

Zerida anataka kusema kitu. Mama Anastasie anamnyamazisha kwa kiganja.

"Ni sawa," anasema. "Mbili haiko tatu. Hajaacha. Mutu asiguse nafasi yake."

Gari la Bwera linapunguza mwendo. Mtu mmoja ametoa kichwa dirishani, anaangalia mabeseni. Apio anamkabidhi Mama Anastasie mkoba, ananyakua beseni la karibu na kuanza kukimbia. Ni beseni la Zerida.